Pwani isiyo na mkanda: Wabajuni na uzito wa picha za raia

Usiku wa kuamkia Desemba 9, 1992, wanajeshi wa Marekani walioshuka ufukweni Mogadishu walipokewa kwa taa za kamera. Waandishi wa habari walikuwa wamekwisha kutanda mchangani wakiwasubiri, na mwanga wao ulikuwa mkali kiasi cha kuwakera askari waliotarajia kuingia gizani. Siku kumi na moja baadaye, Desemba 20, majeshi ya Marekani na Ubelgiji yaliingia Kismayo, bandari ya kusini ambayo wenyeji wa pwani wangali wakiiita Kisimayu.

Walioonekana katika taarifa za siku zile ni askari waliofika. Walioondoka hawakuonekana, kwani wengi wao walikuwa wamekwisha kwenda zao. Tangu serikali ya Siad Barre ilipoanguka mwezi Januari 1991, Kismayo ilikuwa ikitoka mikononi mwa kundi moja la wanamgambo na kuingia mikononi mwa jingine, na kila kundi lililoingia liliwakuta Wabajuni hawana silaha, wala ukoo mkubwa wa kuwalipia kisasi. Mashua zilitwaliwa. Nyavu zikaporwa, nyumba zikakaliwa na wageni, wanaume wakauawa na wanawake wakadhalilishwa. Familia zilizoweza kupata chombo zilishika njia ya bahari kuelekea kusini, wengine wakaishia Lamu, wengine Malindi, na wengi katika kambi ya Jomvu mjini Mombasa.

Mambo hayo yameandikwa. Yamo, kwa mfano, katika ripoti ya ujumbe wa pamoja wa Uingereza, Denmark na Uholanzi kuhusu makundi ya wachache nchini Somalia, iliyotolewa mwaka 2000. Yamo pia vifuani mwa watu wanaoishi leo Mombasa, London na kwingineko. Kinachokosekana ni mkanda: picha iliyopigwa na mtu wa kawaida, siku ileile, mahali palepale. Na katika zama ambazo historia ya maasi na mateso inazidi kusimuliwa kwa picha zilizochukuliwa na raia wenyewe, upungufu huo umewagharimu Wabajuni zaidi ya inavyodhaniwa.

Mfuko wenye tundu

Ili kuupima upungufu huo, inafaa kwanza kutazama mahali ambapo mkanda ulikuwapo.

Oktoba 23, 1956, wanafunzi na wafanyakazi waliingia mitaani Budapest, mji mkuu wa Hungary, kuipinga serikali iliyokuwa chini ya kivuli cha Umoja wa Kisovieti. Kwa siku chache ilionekana kana kwamba wameshinda. Alfajiri ya Novemba 4 vifaru vya Kisovieti vilirudi mjini kwa wingi na kuyazima maasi yale. Wahungari wapatao 2,500 walipoteza maisha, na karibu 200,000 wakakimbia nchi.

Miongoni mwa waliokimbia walikuwamo vijana wawili waliosomea upigaji picha za filamu, Vilmos Zsigmond na László Kovács. Walikuwa wamechukua kamera ya chuo na kuificha ndani ya mfuko wa sokoni uliotobolewa tundu la kuchungulia, wakapita mitaani wakirekodi vifaru, maiti na majengo yaliyobomoka. Kisha wakaibeba mikanda hiyo, yenye urefu wa maelfu ya mita, na kuivusha mpaka hadi Austria. Wote wawili walikuja kuwa mabingwa wa kamera huko Hollywood, na Zsigmond alipata tuzo ya Oscar. Lakini lililo muhimu kwa mjadala huu ni ule mfuko. Serikali mpya ya Budapest ilidai kwamba yaliyotokea yalikuwa fujo za wahalifu na vibaraka wa mabeberu, na dai hilo lilirudiwa rasmi kwa zaidi ya miaka 30. Picha zilizovuka mpaka ziliwaonyesha wanafunzi, mafundi na akina mama wenye vikapu. Ndiyo maana hadi leo watengenezaji wa filamu za makala wanaporudi kwenye maasi yale, wanarudi kwenye mikanda ya namna hiyo, kwa sababu inasema jambo ambalo magazeti ya chama hayakulisema: ni nani hasa alikuwa barabarani.

Nairobi, simu elfu kwa elfu

Miaka 68 baadaye kazi ya mfuko wenye tundu ilifanywa na simu za mkononi. Juni 25, 2024, vijana wa Kenya waliokuwa wakiupinga Mswada wa Fedha waliingia katika viwanja vya Bunge mjini Nairobi. Risasi zilipigwa. Kesho yake Rais William Ruto alitangaza kwamba hatautia saini mswada huo, lakini watu walikuwa wamekwisha kufa. Tume ya taifa ya haki za binadamu ya Kenya imehesabu vifo visivyopungua 60 katika maandamano ya miezi ile.

Mnamo Aprili 28, 2025, kitengo cha uchunguzi cha BBC Africa Eye kilitoa filamu ya makala iitwayo Blood Parliament. Haikutegemea shahidi mmoja wala kamera moja. Watengenezaji wake walichambua picha na video zaidi ya 5,000, nyingi zikiwa zimechukuliwa na waandamanaji na wapita njia, wakazipanga kwa saa na kwa mahali, hadi tukio la dakika chache likaonekana kutoka pande kadhaa kwa pamoja. Katika sehemu moja askari aliyevaa kiraia anasikika akipaza sauti, “Uaa!”, muda mfupi kabla ya mwenzake mwenye sare kulenga shabaha. Filamu inaonyesha jinsi wanaume wawili walivyopigwa risasi nje ya Bunge na polisi, na wa tatu, mwanafunzi wa chuo kikuu, alivyopigwa kutoka nyuma na mwanajeshi wakati waandamanaji wakiondoka. Hakuna hata mmoja wa watatu hao aliyekuwa na silaha.

Mapokezi ya filamu hiyo yanaeleza nguvu yake kuliko sifa yoyote ya wahakiki. Onyesho lililopangwa kufanyika Nairobi lilifutwa siku yenyewe. Siku chache baadaye watengenezaji filamu wanne wa Kenya walikamatwa kwa kuhusishwa na kazi hiyo, kisha wakaachiwa. BBC ilisema hawakuhusika nayo kabisa.

Kwa msikilizaji wa Koyama au Chula, kisa cha Nairobi ni cha jirani kwa maana zaidi ya moja. Jeshi lililotajwa katika filamu ndilo lililoingia Kismayo mwishoni mwa Septemba 2012 kuwatoa al-Shabaab, na habari nyingi za operesheni ile zilitoka kwa wasemaji wa jeshi lenyewe. Raia wa Kismayo hawakuwa na video 5,000 za kulinganisha na maneno ya wasemaji hao.

Kwa nini pwani ile haikurekodiwa

Jibu jepesi ni kwamba mwaka 1991 hakukuwa na simu za kupiga picha. Ni kweli, lakini hata Budapest ya 1956 haikuwa nazo. Sababu nyingine zina uzito zaidi.

Ya kwanza ni umbo la tukio lenyewe. Maasi huwa na tarehe na huwa na uwanja. Umati hukusanyika mahali panapojulikana, na mwenye kamera anajua asimame wapi. Kung'olewa kwa Wabajuni hakukuwa na uwanja. Kulitapakaa kwenye mfuatano wa visiwa unaoanzia karibu na Kismayo hadi Ras Kiamboni mpakani mwa Kenya, yaani Ilisi, Fuma, Koyama, Ngumi, Chovai, Chula na vinginevyo, na kulichukua miaka. Leo kijiji kimoja kinavamiwa, baada ya miezi familia tatu zinatweka tanga usiku. Hata waliorejeshwa kutoka kambi za Kenya katika nusu ya pili ya miaka ya 1990 waliwakuta watu wa koo nyingine wamekwisha kushika visiwa, na baadhi yao wakageuka vibarua katika bahari yao wenyewe. Mambo ya namna hiyo hayampi mpiga picha wa kigeni kitu cha kupeleka studio jioni ile.

Ya pili ni hatari. Julai 12, 1993, waandishi wanne, Dan Eldon, Hos Maina, Anthony Macharia na Hansi Kraus, waliuawa na umati wenye hasira mjini Mogadishu baada ya shambulio la helikopta za Marekani. Wawili kati yao, Maina na Macharia, walikuwa Wakenya. Tangu hapo vyumba vya habari vilipunguza mno kupeleka watu wao Somalia, na Mogadishu yenyewe ikaanza kusahaulika, sembuse kisiwa kisicho na uwanja wa ndege.

Ya tatu ndiyo inayotofautisha kabisa pwani hii na Budapest au Nairobi. Kule kulikuwa na dola. Askari alikuwa na sare, cheo na mkubwa aliyemtuma, na ndiyo maana mkanda uliweza kugeuka shtaka. Kismayo ya 1991 haikuwa na dola ya kushtakiwa. Mwanamgambo aliyetwaa jahazi la mtu hakuwa na namba ya kazi, na huenda mwaka uliofuata naye akafukuzwa na mwingine. Hata kama mkanda ungekuwapo, ungepelekwa kwa nani? Kwa hiyo thamani ya picha kwa Wabajuni haikuwa, tangu mwanzo, katika kumtambua aliyefyatua risasi. Ilikuwa katika jambo la msingi zaidi, la kuonyesha kwamba watu hao walikuwapo hapo.

Ulimi kama hati

Uzito wa jambo hilo ulidhihirika mbali na bahari, katika ofisi za uhamiaji za Ulaya.

Wabajuni waliofika Uingereza na nchi nyingine kuomba hifadhi hawakuwa na pasipoti iliyotambulika, kwa kuwa dola iliyopaswa kuitoa ilikuwa imekufa. Hawakuwa na cheti cha kuzaliwa wala hati ya nyumba. Hawakuwa na picha. Maofisa waliwaendea kwa njia iliyobaki, nayo ni maswali. Taja visiwa kwa mpangilio. Kisima kiko upande gani wa kijiji? Mnavua samaki gani, kwa mtego gani? Jirani zenu ni ukoo gani? Kisha likaja swali la lugha: unasema Kibajuni?

Hapa historia ya pwani iligeuka mtego. Kibajuni hakianzii wala hakiishii Somalia. Kinasemwa Faza, Kizingitini na Kiwayu upande wa Kenya, kwa kuwa mpaka ulichorwa juu ya watu waliokuwa tayari wakioana na kuvua pamoja. Jubaland yenyewe ilikuwa chini ya Waingereza pamoja na Kenya hadi mwaka 1925, ilipokabidhiwa Italia. Mtu anayesema “muchu” badala ya “mtu” anaweza kuwa amezaliwa upande wowote wa mstari huo. Na kinyume chake, mtoto aliyebebwa kutoka Chovai akiwa na miaka miwili na kulelewa Mombasa atasema Kiswahili cha Mombasa, bila kupungukiwa kitu katika ubajuni wake. Kuhusu Kisomali, mtoto wa kisiwani ambaye hakusoma shule na aliyeambiwa asitoke uani kwa kuhofia wanamgambo angekijulia wapi?

Mwaka 2004 baraza la rufaa za uhamiaji la Uingereza lililazimika kutoa mwongozo maalumu juu ya suala hili, likieleza kwamba ujuzi wa Kibajuni upimwe pamoja na maisha ya mtu husika na mambo mengine anayoyajua. Lakini kipimo cha lugha hakikuondoka. Desturi ilikuwa mwombaji kuhojiwa kwa simu kwa muda mfupi na kampuni moja ya Sweden, sauti yake ikarekodiwa, na wachambuzi wasiotajwa majina wakaandika kwamba mtu huyu, kwa kiwango fulani cha uhakika, anatoka au hatoki pale anaposema. Mei 2014 Mahakama ya Juu ya Uingereza ilipitia kesi za waombaji wawili waliosema ni wa Somalia na ambao ripoti za aina hiyo ziliwapeleka Kenya. Majaji hawakuzipiga marufuku ripoti hizo, ila walisisitiza kwamba kila moja ichunguzwe kwa makini, na kwamba mchambuzi wa sauti asivuke mipaka ya utaalamu wake na kuanza kuhukumu ukweli wa maisha ya mtu.

Kuna kinaya kikali katika utaratibu ule. Watu ambao hakuna aliyewarekodi walipokuwa wakifukuzwa, hatimaye walirekodiwa, na aliyeshika kinasa sauti alikuwa upande wa pili wa meza akitafuta kosa. Mhungari wa 1956 alipofika Vienna alikuta ulimwengu umekwisha kuiona barabara aliyotoka. Mbajuni alipofika uwanja wa ndege wa Heathrow alitakiwa kuichora barabara hiyo kwa mdomo, naye akikosea jina la kisiwa cha tatu, kisiwa chake nacho kilitiliwa shaka.

Nyumbani hali haikuwa tofauti sana. Mfumo wa nne na nusu wa kugawana madaraka, uliochukua sura katika mkutano wa Arta nchini Djibouti mwaka 2000, uliwapa koo kuu nne fungu zima kila moja, na makundi yote ya wachache, Wabajuni wakiwamo, nusu moja ya kugawana. Asiyeonekana huhesabiwa kwa sehemu.

Makali kuwili

Ingekuwa rahisi kuhitimisha kwamba dawa ni simu, na kwamba kila kijana wa Kismayo mwenye simu janja sasa anashika ufunguo wa historia. Mambo hayako hivyo.

Baada ya maasi ya Hungary kuzimwa, polisi wa siri walikusanya magazeti ya Magharibi yaliyochapisha picha za Budapest na kuzitumia kuwatambua washiriki. Sura ya msichana aliyeshika bunduki, iliyopendwa na wasomaji wa Paris, iligeuka ushahidi wa mashtaka mahakamani. Zaidi ya watu 200 walinyongwa. Picha iliyomtetea Mhungari aliyekimbia iliweza kumfunga yule aliyebaki.

Pwani ya Jubaland inalijua hilo kwa njia yake. Januari 2014 al-Shabaab walizipa kampuni za simu siku 15 kusimamisha intaneti ya simu za mkononi katika maeneo waliyoyashika, na kundi hilo halijawahi kuficha uadui wake kwa anayepiga picha. Mvuvi anayepita kati ya maeneo ya pande tatu zinazopigana ana sababu nzuri ya kuiacha simu nyumbani. Mapigano yalipozuka Ras Kiamboni Desemba 2024 kati ya majeshi ya serikali ya shirikisho na ya Jubaland, dunia ilisikia habari za mamia ya wanajeshi waliovuka mpaka kuingia Kenya. Wavuvi wa ufuo uleule walitajwa kwa nadra, kama walitajwa.

Na kuna mwanamke mmoja ambaye kumbukumbu yake haiwezi kurukwa katika mjadala huu. Hodan Nalayeh, mwandishi wa Kisomali aliyekulia Kanada, alirudi Somalia kuonyesha maisha ya kila siku: sokoni, shuleni, baharini. Katika siku zake za mwisho aliweka mtandaoni picha za kisiwa cha Ilisi, karibu kabisa na Kismayo. Julai 12, 2019, alikuwa katika hoteli ya Asasey mjini humo al-Shabaab waliposhambulia. Watu 26 waliuawa, naye akiwa mmoja wao. Ilikuwa imetimia miaka 26 kamili tangu wale waandishi wanne wauawe Mogadishu. Picha zake za Ilisi hazikuwa na vita ndani yake. Ni maji, mchanga na watu wa bahari, na kwa hoja ya makala haya pengine ndizo zenye thamani zaidi, kwa kuwa zinasema tu kwamba mahali hapa papo na pana watu.

Kabatini mna nini?

Filamu kama Blood Parliament inawezekana pale tu faili za asili zinapopatikana. Hili ni jambo la kiufundi ambalo familia nyingi hazilijui. Picha inapotumwa kwa WhatsApp kwa njia ya kawaida hupunguzwa ukubwa na hupoteza taarifa zilizofichwa ndani yake, kama saa na mahali ilipopigwa. Ikitumwa kama hati, taarifa hizo husalia. Mwongozo wa Berkeley wa uchunguzi wa kidijitali, ulioandaliwa pamoja na ofisi ya haki za binadamu ya Umoja wa Mataifa, unataka faili la kwanza litunzwe bila kuguswa, pamoja na maelezo ya nani alilipiga na lilipita mikono gani. Video iliyosambazwa mara mia bila jina la kijiji ni vigumu kuifanyia kazi, hata iwe ya kutisha kiasi gani.

Lakini kwa Wabajuni sehemu kubwa ya ushahidi si ya simu, na wala si ya vita. Mwitaliano Vinigi Grottanelli alichapisha mjini Roma mwaka 1955 kitabu kikubwa kuhusu wavuvi wa Kibajuni, kikiwa na picha za watu, vyombo na mitego yao. Wajukuu wa watu hao hawawezi kukisoma kwa kuwa kiko kwa Kiitaliano. Mwanaisimu Derek Nurse, wa Chuo Kikuu cha Memorial nchini Kanada, amekusanya kwa miaka mingi maneno na masimulizi ya Kibajuni na kuyaweka wazi mtandaoni. Kazi zote mbili zilifanywa na wageni, kwa maswali ya wageni.

Hungary nayo inatoa mfano ambao haukutokana na barabara za 1956. Tangu mwaka 1988 mtengenezaji filamu Péter Forgács amekuwa akitengeneza mfululizo uitwao Private Hungary kwa kutumia filamu za nyumbani za familia za kawaida: siku za kuzaliwa, matembezi, mtoto anayejifunza kutembea. Waliozipiga hawakukusudia kutoa ushahidi wowote. Kwa mtazamaji anayejua vita na maasi yaliyokuja kuziangukia familia zile, ni ushahidi tosha.

Mombasa, Lamu na London ziko familia zilizotoka Kismayo na vitu vichache ndani ya fuko moja. Mwenye kaseti ya harusi iliyopigwa Kismayo au Koyama kabla ya 1991, hata kama ni ya sauti tupu na imeanza kukwaruza, ana kitu ambacho hakuna ofisa wa uhamiaji aliyewahi kukisikia: wanawake wa Kibajuni wakiimba kwao, kwa lugha yao, bila kuulizwa swali. Utepe wa aina hiyo huharibika kwa joto na unyevu wa pwani, na mashine za kuuchezea zinazidi kuadimika madukani. Wengi wa wanaoweza kuisikiliza sauti na kusema ni ya nani, na nyumba ilikuwa mtaa gani, sasa wamevuka miaka 60.